Modeli ya ngozi "mara 50": kimusuli cha malaika ya mwili kimebandikwa kinyume

Boksi halina jina la kiwanda. Ndani mna kipande cha ngozi cha plastiki ngumu kilichosimamishwa juu ya ubao mweupe: urefu sentimita 26, upana 18, kimo 20, uzito kama kilo mbili, pamoja na karatasi moja yenye orodha ya sehemu zake kwa namba 34. Bei inayotajwa kwanza katika maduka ya vifaa vya shule hapa Bukavu, mashariki mwa Kongo, ni dola 90. Mnunuzi asiye na haraka huondoka nayo kwa 75. Mwalimu wa ITM (shule ya ufundi wa afya) au wa seksheni ya bio-chimie (biolojia na kemia) akiuliza modeli ya ngozi, aghalabu hii ndiyo anayotolewa.

Tumeipima kwa swali moja ambalo wanafunzi huliuliza hata mwalimu asipolifikia: mwili unasisimkaje? Nini kinayasimamisha malaika (vinyweleo) ya mkono asubuhi ya baridi, na nini kinauvimbisha mkia wa paka akikutana na mbwa? Kwa tabaka za ngozi, tezi na mishipa ya damu, modeli inafaa. Kwa kimusuli kinachosimamisha nywele, jinsi ilivyotoka kiwandani inafundisha uongo. Bahati nzuri uongo huo unaondolewa kwa saa moja ya kazi na vifaa visivyofika dola tano.

Kwanza kimusuli chenyewe, maana bila kukijua huwezi kuona kosa. Laika halikupandwa wima. Limeinama ndani ya ngozi kama mgomba ulioelemewa na mkungu: shina juu limelalia upande mmoja, mzizi chini umekwenda upande wa pili. Kimusuli kinaanza kwenye ubavu wa kifuko cha nywele, chini kidogo ya tezi ya mafuta, kinapanda kwa mshazari na kuishia karibu kabisa na ngozi ya juu. Tezi ya mafuta imebanwa katika pembe iliyopo kati ya hivyo viwili. Na hili ndilo la kushika: kimusuli kiko upande ule ule ambao nywele imeinamia. Kikijikunja kinauvuta mzizi uje chini ya tundu lake, na nywele iliyokuwa imelala inasimama. Pale kimusuli kilipofungwa juu, ngozi inanywea kidogo. Pembezoni mwa nywele inainuka. Hicho ndicho kipele tunachokifananisha na ngozi ya kuku aliyenyonyolewa.

Sasa tazama modeli. Ina nywele tatu. Ya kushoto haina kosa. Ya kati, kimusuli kimeshushwa hadi kwenye tunguu, chini kabisa ya kifuko. Ya kulia kimebandikwa upande ambao nywele imeupa mgongo.

Kosa la nywele ya kulia ni la mwelekeo, na halina utetezi. Kimusuli kikivuta kutoka upande huo, mzizi unazidi kwenda mbali na tundu lake na nywele inalala zaidi badala ya kusimama. Mwanafunzi makini atauliza, na mwalimu aliyeiamini modeli hatakuwa na jibu.

Kosa la nywele ya kati linaonekana dogo, lakini ndilo linalotusumbua zaidi. Sehemu ya chini ya kifuko haidumu. Kila nywele inapomaliza zamu yake ya kukua, tunguu na sehemu ya chini vinanywea na kupotea, kisha vinajengwa upya nywele mpya inapoanza. Kimusuli kingefungwa huko chini kingebaki kinaning'inia kila zamu. Kimefungwa juu zaidi, kwenye uvimbe mdogo wa kifuko ambao haupotei, na humo ndimo zinamokaa seli za shina, yaani seli mama zinazozaa nywele mpya. Mwaka 2011 ilionyeshwa katika panya kwamba seli hizo zenyewe ndizo zinazotandaza protini iitwayo nefronektini, ambayo kimusuli kinaitumia kujishikiza. Mwaka 2020 maabara ya Ya-Chieh Hsu ya Harvard, pamoja na wenzao wa Taiwan, ilionyesha tena katika panya kwamba neva ya simpathetiki, yaani ya mfumo unaofanya kazi bila hiari, inayokifikia kimusuli inazizunguka pia seli hizo za shina, na kwamba baridi ya muda mrefu huifanya neva iziamshe ili nywele mpya ianze kuota. Kwa hiyo mahali kimusuli kinaposhika ni njia panda ya vitu vitatu: neva, msuli na seli mama. Kukishusha hadi kwenye tunguu ni kuifuta njia panda yote.

Neva za kimusuli hazimo. Modeli ina nyuzi za njano, ndiyo, lakini zote zinaishia kwenye vipokezi vya mguso. Hakuna hata mmoja unaokigusa kimusuli. Matokeo yake mwanafunzi anadhani kimusuli kinaamriwa kama msuli wa mkono. Hapana. Ni msuli laini, wa jamii moja na ule wa utumbo na wa kuta za mishipa ya damu. Unaamshwa na kemikali iitwayo noradrenalini inayotolewa na neva za simpathetiki, na nia ya mtu haihusiki. Mfumo huo huo unaoharakisha moyo wakati wa hofu ndio unaosimamisha malaika, ndiyo maana baridi na woga vinaleta kipele kile kile.

Vipimo navyo visichukuliwe kwa uzito. Karatasi inasema ngozi imekuzwa mara 50. Unywele wa kichwa una unene wa kama milimita 0.07, mara 50 ungekuwa milimita 3.5. Kwenye modeli una milimita 8. Ngozi ya juu, sehemu nyingi za mwili, ni kama milimita 0.1, kwa hiyo ingepaswa kuwa na milimita 5. Hapa imepewa 15. Ngozi ya juu iliyo nene hasa ni ya kiganja na ya unyayo, na huko hakuna nywele. Si kosa la kuirudisha modeli dukani, kwa sababu bila kuzidisha vitu vidogo visingeonekana kutoka benchi ya nyuma. Ila mwalimu asiwape wanafunzi rula na kuwaambia wagawanye kwa 50.

Karatasi ya namba imeandikwa Kiingereza na Kichina. Wanafunzi wetu wanasoma kwa Kifaransa na wanaelezana kwa Kiswahili, basi iandike upya kabla haijaingia darasani. Namba ya kimusuli imeandikwa "msuli" tu, bila zaidi. Mitihani yao inadai muscle arrecteur du poil. Namba zenyewe ni vibandiko vya karatasi, na katika unyevu wa msimu wa mvua vinaanza kubanduka pembeni. Vipake rangi ya kucha isiyo na rangi mapema. Usisafishe kitu chochote hapo kwa asetoni au dawa ya kuondolea rangi ya kucha, maana inakula rangi ya modeli na kulainisha plastiki.

Kurekebisha. Vimusuli vya kiwandani ni vipande vilivyogundishwa, havikumiminwa pamoja na modeli. Ingiza wembe wa kisu cha karatasi chini ya kimusuli cha kati na cha kulia, sukuma polepole kuanzia juu kwenda chini, vitatoka vizima. Sugua alama iliyobaki kwa msasa namba 120 hadi isiteleze, kisha ipake rangi ya kucha ya waridi. Kimusuli kipya kinatengenezwa kwa waya mwekundu wa umeme wa milimita 2.5 za mraba: kata vipande vitatu vya sentimita 7, vishikanishe kama kifungu kimoja, na mwisho wa juu uvitawanye kama vidole. Hii si pambo. Kimusuli halisi ni kifungu cha seli ndefu, na kikikaribia juu kinagawanyika matawi kabla ya kushika ngozi. Kigundishe kwa gundi ya mirija miwili inayochanganywa nusu kwa nusu, mwisho wa chini ukikaa chini kidogo ya tezi ya mafuta na kifungu kikielekea upande ambao nywele imeinamia. Kisha chukua uzi wa njano wa cherehani, sentimita 15, upitishe juu ya kimusuli na kuuzungusha mara moja kwenye kifuko pale pale kilipogundishwa. Hapo neva imepatikana.

Kinachoharibu kazi hii ni mambo mawili. La kwanza, plastiki ikitoka kwenye boksi ina mafuta. Usipoipiga msasa gundi itashika leo na kuachia kesho kutwa. La pili ni baridi yetu. Bukavu iko karibu mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na usiku gundi iliyoandikwa kwamba inakauka kwa dakika 30 inabaki laini. Iache hadi kesho yake mchana ndipo uiguse.

Hata baada ya kurekebishwa, modeli haisogei, na kimusuli ni jambo la mwendo. Kwa hiyo tunashauri iandamane na kipande cha sponji ya godoro chenye unene wa sentimita 10, urefu 30 na upana 15. Mahesabu yanakubali: kwa mara 50, sentimita 10 ni ngozi ya milimita 2. Upande wa mbele wa sponji, ule utakaowaelekea wanafunzi, chonga mfereji wa mshazari kwa kisu, ukianzia juu na kushuka sentimita 9, wenye pembe ya nyuzi 60 hivi na uso wa sponji. Laza humo kijiti cha mwanzi cha sentimita 20, sentimita 11 zibaki nje. Funga uzi kwenye kijiti sentimita 4 chini ya uso, upitishe ndani ya sponji kwa mshazari kuelekea upande ambao kijiti kimeinamia, utokee juu sentimita 6 kutoka kwenye tundu la kijiti, na hapo uupitishe katika kifungo cha shati. Shikilia kifungo kwa kidole, vuta uzi. Kijiti kinasimama, sponji chini ya kifungo inabonyea, na penye kijiti inainuka. Uachie uzi, kijiti kinalala chenyewe: ndivyo ilivyo kwa nywele, haina msuli wa kuilaza, inarudishwa na unyumbufu wa ngozi. Bila kifungo uzi unaikata sponji kama sabuni. Ukiufunga kwenye ncha ya chini ya kijiti kama modeli ya kiwandani ilivyofanya, kijiti kinasukasuka na kinataka kuchomoka mferejini. Ukiuelekeza upande wa pili, kijiti kinalala chali mbele ya darasa zima, na hapo hakuna anayehitaji maelezo ya kosa la nywele ya kulia.

Kwa wanaofundisha mifugo, kasoro kubwa ni kwamba modeli ni ya ngozi ya binadamu. Haionyeshi mpango wa nywele za wanyama, na wanyama ndio ambao kimusuli hiki kinawafaa hasa. Manyoya yakisimama, hewa inanaswa kati yake na joto halitoki haraka. Adui naye anaona mnyama mkubwa kuliko alivyo. Malaika yetu ni mafupi mno kunasa hewa ya kutosha, ila kimusuli hakijaacha kazi. Mbuzi ana nywele nene za juu, aghalabu zikikaa tatu tatu, na kila moja ina kimusuli chake na tezi yake ya jasho. Manyoya laini ya chini, vifuko vyake havina hivyo viwili. Ng'ombe ni tofauti: kila unywele una kifuko chake, kimusuli chake na tezi zake. Kwa mbwa, vimusuli vina nguvu zaidi mgongoni, ndiyo maana mstari wa kutoka shingoni hadi mkiani husimama kwanza. Mstari huo unasema mbwa amesisimka tu. Hausemi kama ni hasira au woga, na anayekwenda kumchoma sindano ya kichaa cha mbwa atazame pia masikio, midomo na mkia. Sokwe dume, kama wale wanaotunzwa katika kituo cha Lwiro, husimamisha nywele za mabega na mikono wakati wa kujionyesha, akaonekana amezidi mwili.

Kuku ana mpango wake kabisa. Vimusuli vya manyoya vinaunganisha kifuko na kifuko kama wavu, na vipo vya kuinua na vya kulaza. Masharubu ya paka na ya panya nayo yasichanganywe humu: yanasukumwa na misuli ya hiari inayoamriwa na neva ya uso, ndiyo maana paka anayapeleka mbele na nyuma apendavyo. Mfugaji wa kobayi (simbilisi) au wa kuku anafaidika na somo hili kuliko mtu wa mtihani. Manyoya yaliyosimama mchana kutwa, mnyama amejikunyata na hataki kula, ni dalili ya ugonjwa au ya banda lenye baridi. Na kwa wanafunzi wa uuguzi, jambo moja ambalo karatasi haitaji: maiti inaweza kuwa na vipele hivi. Vimusuli vinakakamaa kama misuli mingine baada ya kifo. Havithibitishi kwamba marehemu alikufa kwa baridi au kwa kitisho, hata ndugu waseme nini.

Shule yenye darubini isitosheke na plastiki. Omba machinjioni kipande cha ngozi ya shingo ya mbuzi, upande wa juu, sentimita 2 kwa 1, kabla mbuzi hajababuliwa. Ngozi iliyopita motoni au kwenye maji ya moto imejikunja na haisomeki. Kipige pini juu ya kadibodi, nywele zikiwa juu, na uchore mshale wa upande zilikolalia. Njia ya haraka: bana kipande kibichi ndani ya karoti iliyopasuliwa, kata vipande vyembamba kwa wembe mpya kwa kufuata mshale, viweke kwenye siki nyeupe dakika 5 hadi 10, kisha tone moja la bluu ya methilini kwa dakika mbili, suuza, funika. Siki inavimbisha nyuzi za kolajeni zikawa kama kioo, na viini vya seli za kimusuli vinabaki vinaonekana, virefu kama punje za mchele zilizopangwa upande mmoja. Tafuta kwa mara 100, hakikisha kwa mara 400. Ukikata bila kuufuata mshale utapata vidoa vya msuli uliokatwa kiupana, na utaamini haupo.

Ukitaka slaidi ya kudumu, formalini ya dukani ichanganywe sehemu moja kwa maji sehemu tisa, ujazo uwe mara 20 ya kipande, saa 24, glavu mkononi na dirisha wazi. Kazi ya nta na kukata kwa mashine inafanyika kwenye labo ya hospitali. Waambie wakate sambamba na mshale na wapake rangi ya Masson kama wanayo: msuli unakuwa mwekundu na kolajeni ya bluu au ya kijani. Rangi ya kawaida ya hematoksilini na eosini inavipaka vyote viwili waridi, na mwanafunzi anayeanza hatavitofautisha.

Kwa dola 75 tungeinunua, kwa ITM na kwa sekondari, tukijua kwamba siku ya kwanza ni ya kisu na gundi. Kwa dola 90 hapana. Shule ya mifugo yenye darubini inayofanya kazi iache kabisa modeli hii. Hizo fedha zinatosha formalini, bluu ya methilini, vioo na wembe wa mwaka mzima, na ngozi ya mbuzi inapatikana kila wiki. Bango la ukutani ni la bei ndogo kuliko modeli, lakini mengi huonyesha laika moja tu na halina kina, kwa hiyo pembe kati ya kifuko na ngozi haieleweki.

Dukani, kabla ya kulipa, fungua boksi na uangalie nywele zote tatu, maana modeli za boksi tofauti hazifanani: tulizozitazama, moja ilikuwa na vimusuli viwili sahihi na nyingine kimoja tu. Sukuma kila kimusuli kwa ukucha. Kinachotikisika kitadondoka njiani. Chomoa nywele tatu kutoka matundu yake, zimeingizwa tu bila gundi, uzifunge kwenye gazeti na kuzitia mfukoni. Motari, dereva wa pikipiki, akipiga shimo la kwanza zikiwa zimesimama, zinakatika shingoni, na duka haliuzi za akiba.